Prinsesi ya begani au ya kwapani?

Kumi la mwisho la Ramadhani, mteja aliniletea kitenge cha maua makubwa. "Fundi, nishonee prinsesi," akasema, yaani gauni lenye mishono mirefu inayoshuka mbele kupitia kifuani. Nikakata. Aliporudi kujaribu, uso ukambadilika. Yeye alitaka mishono ishuke kutoka begani, mimi nilikuwa nimeianzisha kwapani. Kitambaa hakikubaki cha kurekebishia, ikabidi niteremke Biashara Street kumnunulia kingine na kushona usiku kucha ili Idi isimkute hana nguo.

Kwetu hata neno mshono lenyewe limebeba mizigo miwili. Mteja akinionyesha picha kwenye simu akasema "nataka mshono huu", anakusudia nguo nzima ilivyo. Fundi akisema "mshono umeachia", anakusudia pale vipande viwili vilipoungwa kwa uzi. Mimi la kwanza naliita mtindo, na wanafunzi wangu wamezoea.

Sasa dati. Ni kitambaa kilichokunjwa kwa ndani na kushonwa kikachongoka, ili kibane kiunoni na kiache nafasi kifuani. Ncha yake huelekea kilele cha kifua lakini haikifikii. Mimi huisimamisha kama sentimita 2.5 kabla, maana ikifika pale pale nguo hufanya kichongo kibaya. Ukikosea dati, unafumua, unapiga pasi, kitambaa bado kizima.

Prinsesi haina huruma hiyo. Chukua dati ya begani na dati ya kiunoni, zikutanishe kifuani, kisha kata njia yote kutoka juu hadi chini. Upande mmoja wa mbele umekuwa vipande viwili, na zile dati zimemezwa ndani ya mshono. Ndiyo maana napenda kusema mkato wa prinsesi: jina hilo linamkumbusha fundi kwamba mkasi ukishapita hakuna kurudi. Ukianzia begani, mshono hushuka karibu wima na kumrefusha mvaaji. Ukianzia kwapani, hupinda sana kifuani. Kipande cha ubavuni, chenye ukingo uliotuna kama tumbo, lazima kikubaliane na cha kati kilichonyooka zaidi, na hapo wanaojifunza huacha mikunjo. Kitenge cha maua makubwa, kwa maoni yangu, kipewe dati tu. Mkato utalipasua ua katikati.

Jina lenyewe limetoka mbali. Huhusishwa na Charles Frederick Worth, Mwingereza aliyekuwa na duka lake la mitindo Paris, na nguo za miaka ya 1870, na hunasibishwa na Alexandra, binti wa kifalme wa Denmark aliyeolewa Uingereza mwaka 1863. Sifa kubwa ya mkato huo ilikuwa gauni kutokatwa kiunoni: kila kipande kilishuka kizima kutoka juu mpaka pindoni. Kwa hiyo gauni lenye mishono hiyo kifuani na sketi iliyoungwa kiunoni, kwa asili ya neno, si prinsesi kamili. Nikiletewa, nauliza: kiuno kikatwe au kisikatwe?

Wazee wetu walioshona kanzu hawakupungukiwa na majina. Kuna badani, vipande vya mbele na nyuma. Kuna taharizi za ubavuni, kikwapa chini ya mkono, kaba shingoni. Kanzu hupata umbo kwa kuongezewa: taharizi huipa upana wa kutembea, kikwapa humwachia mtu ainue mkono. Gauni la prinsesi hupata umbo kwa kupunguzwa. Nasikitika kuona kijana akimaliza mafunzo anajua dati lakini ukimwambia taharizi anakutazama tu, ilhali kile kipande cha ubavuni cha prinsesi kinakaa pale pale taharizi inapokaa.

Siku hizi mteja akitaja prinsesi simjibu kwanza. Nachukua futi kamba, nauweka mwisho wake begani, nauteremsha juu ya kifua hadi kiunoni. Kisha nauhamisha kwapani. "Mamangu, hapa au hapa?" Akichagua, naandika kwenye daftari, "begani" au "kwapani", na chini yake, "kiuno kizima" au "kiuno kimekatwa". Mkasi unangoja.