Nanga ya malimwengu inabeba mzigo gani?

Kazi yangu ni kubuni vifaa vya kichawi vya hadithi na michezo ya kompyuta, na katika vyote nilivyowahi kuombwa, hakuna kinachoandikwa kwa haraka kama nanga ya malimwengu. Nasema juu ya kile kitu, kiwe jiwe, pete au msumari wa shaba, kinachochomekwa mahali katika ulimwengu mmoja na kufungamanishwa na mwenzake katika ulimwengu mwingine ili njia kati yao isipotee. Watunzi wengi hukichukulia kama ufunguo. Lakini ufunguo ukishafungua umemaliza kazi, ilhali nanga hubeba mzigo muda wote njia inapokuwa wazi, na mtunzi asiyejua mzigo huo ni upi hataweza kukifanya kifaa chake kiaminike.

Ugumu wa kwanza ni kwamba mahali hapatulii. Dunia huzunguka jua kwa kasi ya kilomita 30 hivi kwa sekunde, kwa hiyo nanga iliyofungamana na jua badala ya ardhi, ikifunguliwa dakika moja tu baada ya kuchomekwa, itakuwa imeachwa nyuma kilomita 1,800, na mpitaji atatokea kusiko na hewa. Wala hatuwezi kuifunga kwenye anga tupu, kwa sababu tangu Albert Einstein alipochapisha nadharia yake ya uhusianifu mwaka 1905, fizikia haitambui mahali palipotulia penyewe. Kitu hutulia kwa kulinganishwa na kingine. Ndiyo maana simuulizi mtunzi nanga yake ina nguvu kiasi gani kabla sijamuuliza imefungwa kwenye nini. Iliyofungwa kwenye mwamba husafiri na mwamba huo, hata bara linaposogea sentimita chache kila mwaka. Iliyofungwa kwenye mistari ya longitudo na latitudo huachana na mwamba polepole, na baada ya miaka elfu moja mlango uliokuwa katikati ya hekalu unaweza kuwa makumi ya mita nje ya ukuta wake. Napenda zaidi hiyo ya pili, kwa kuwa inampa mwandishi magofu yenye sababu.

Kisha upo mwendo wa wapitaji wenyewe, na hapa ndipo ninapokaa muda mrefu zaidi. Tuchukue sayari mbili zinazofanana na yetu, nanga moja ikiwa kwenye ikweta ya ile ya kwanza na nyingine kwenye ncha ya ile ya pili. Ardhi ya ikweta huenda mashariki kwa mita 465 hivi kwa sekunde. Ya ncha haina mwendo huo. Mtu aliyesimama kwenye ikweta anao mwendo huo bila kuuhisi, na akivuka nao atatokea upande wa pili akienda kwa kasi kuliko sauti. Ikiwa hadithi inataka avuke salama, lazima kitu kiumeze mwendo wake, na kitu hicho hakiwezi kuwa kingine ila nanga. Mtu mwenye kilo 70 huiachia nishati ya megajuli 7.5 hivi, ambayo inatosha kuchemsha lita 20 za maji. Wapite watu mia moja, na nanga hiyo haigusiki.

Hewa nayo ni mzigo. Kwenye kimo cha mita 5,500 kanieneo ya hewa ni karibu nusu ya ile ya usawa wa bahari, hivyo mlango wa mita moja ya mraba unaounganisha sehemu hizo mbili husukumwa kwa nguvu inayolingana na uzito wa tani 5. Kila nisomapo juu ya mlango unaofunguka kimya kileleni mwa mlima bila hata pazia kutikisika, huona nafasi nzuri iliyopotea.

Mabaharia walikwisha kulitatua tatizo la namna hii. Nanga ya chombo haishiki kwa uzito wake pekee, bali kwa ncha zake kujichimbia chini mvuto unapokuwa wa mlalo, na kwa sababu hiyo nahodha huachia amari, yaani kamba au mnyororo wa nanga, yenye urefu wa mara tano hadi saba ya kina cha maji. Amari fupi huinua nanga badala ya kuizamisha. Nanga zangu zote zina amari. Mara nyingi huwa ni duara la mawe yaliyozikwa kukizunguka kifaa, yanayoupokea mzigo na kuusambaza ardhini kama joto na mtetemo, na kadiri pande mbili zinavyotofautiana ndivyo duara linavyotakiwa kuwa pana.

Sayansi yenyewe haiko mbali na wazo hili. Daraja la kuunganisha sehemu mbili za anga ambalo Einstein na Nathan Rosen walilieleza kwa hesabu mwaka 1935 lilikuja kuonyeshwa mwaka 1962, na Robert Fuller na John Wheeler, kwamba hufungika kabla hata nuru haijawahi kupita. Mwaka 1988 Michael Morris na Kip Thorne walieleza kwamba kulishikilia wazi kunahitaji maada yenye nishati hasi. Hakuna aliyewahi kuliona daraja hilo, lakini nikisoma maelezo ya maada hiyo naona maelezo ya nanga.

Katika kazi niliyo nayo sasa, mlinzi wa mlango hana upanga wala neno la siri. Huweka kiganja juu ya jiwe la nje kabisa la duara, na likiwa bado la moto, msafara husubiri.