Geji ya reli: kwa nini behewa la zamani halipandi SGR

Geji ni nafasi iliyopo kati ya chuma kimoja cha reli na mwenzake, ikipimwa kutoka ubavu wa ndani wa hiki hadi ubavu wa ndani wa kile. Basi. Haihusu unene wa chuma, urefu wa taruma (lile gogo la mlalo linaloshikilia vyuma) wala upana wa tuta. Ukiweka futi kamba kwenye reli ya zamani inayopita Tabora utapata milimita 1,000, ndiyo maana huitwa reli ya mita. SGR, yaani reli mpya ya geji sanifu (standard gauge), ni milimita 1,435. Tofauti haifiki hata nusu mita, lakini behewa la huku halikanyagi kule, na mabishano mengi ya vijiweni, kuanzia Tabora mpaka Ujiji, yamesimama juu ya tofauti hiyo hata kama hakuna anayeitaja.

Reli ya mita ilijengwa na Wajerumani. Walianzia Dar es Salaam mwaka 1905, wakafika Tabora 1912 na Kigoma 1914, kilomita zipatazo 1,250. Geji nyembamba ni nafuu kwa mjenzi: tuta dogo, daraja jepesi, na njia inaweza kujikunja kuuzunguka mlima badala ya kuukata. Waliokuwa na haraka ya kuliona Ziwa Tanganyika walichagua hivyo, nasi tukairithi pamoja na kona zake.

Sasa kuna watu wanaouliza kwa nini reli hiyo isikarabatiwe tu badala ya kujenga SGR. Si watu wa kubezwa. Kipande cha Dar es Salaam hadi Isaka, takriban kilomita 970, kilikarabatiwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia kwa gharama ndogo sana ukilinganisha na SGR. Mkataba wa kipande cha Tabora hadi Kigoma peke yake, kilomita 506 ukihesabu na njia za kupishania, ulisainiwa Desemba 2022 kwa zaidi ya dola bilioni 2 za Marekani. Mtu mwenye mzigo wake Kaliua au Nguruka ana haki ya kuuliza kama asingetosheka na reli ya mita iliyonyooshwa vizuri.

Upande wa pili hujibu kwamba reli nyembamba haina nguvu wala mbio. Jibu hilo limebeba ukweli nusu. Afrika Kusini husafirisha madini ya chuma kutoka Sishen hadi Saldanha kwa treni ndefu na nzito kupindukia, na geji yao ni milimita 1,067 tu. Uzito unaobebeka hutegemea zaidi unene wa chuma, mataruma, kokoto na tuta. Mbio nazo hutegemea sana kona na mfumo wa ishara. Geji pana inampa mhandisi nafasi ya kwenda mbali zaidi. Treni ya abiria ya SGR imesanifiwa kukimbia kilomita 160 kwa saa, na hilo usilitarajie kwenye kona za Mjerumani. Lakini abiria wa Kigoma aliyewahi kukwama kwa sababu maji yamesomba tuta kati ya Kilosa na Gulwe hakukwamishwa na geji. Amekwamishwa na bonde la mto Mkondoa.

Gharama halisi ya geji huonekana pale reli mbili tofauti zinapokutana, na hapa ndipo wengi hupitiwa. Mfano tunao nyumbani. Reli ya TAZARA, ile ya Tanzania na Zambia, ina milimita 1,067, na hukutana na tawi la reli ya mita pale Kidatu. Behewa la kawaida halivuki. Shehena hushushwa upande huu na kupakiwa upande wa pili. Kontena si tatizo kubwa, kreni inalinyanyua zima zima. Gunia la chumvi ya Uvinza ni habari nyingine: kuli analitoa behewani, analiweka jukwaani, mwenzake analipandisha tena, na kila mkono unaoligusa unadai chake. Gunia likipasuka, hasara ni ya mwenye mali.

Ipo njia ya kutandika chuma cha tatu ili treni za geji mbili zitumie tuta moja. Kati ya mita na SGR inawezekana, kwa sababu milimita 435 zinatosha kuweka chuma kingine. Kati ya mita na TAZARA haiwezekani: tofauti ni milimita 67, na kitako cha chuma cha reli ni kipana kuliko hapo. Vyuma viwili havikai.

Rudi Tabora. Siku SGR itakapofika hapo kabla ya kufika Kigoma, mzigo wa Kigoma uliokuja kwa SGR utabadilishiwa behewa Tabora, na hata baadaye tawi la mita linaloishia Mpanda litaendelea kuhitaji huduma hiyo. Kwa Tabora hiyo ni riziki: maghala, makuli, mama lishe, malori. Kwa Kigoma ni bei juu ya bei. Kwa hiyo ukiwasikia watu wa mikoa hii miwili wakizungumzia reli moja kwa hisia tofauti, usishangae, maslahi yao hayalingani.

Na Kigoma ina jambo lake jingine ambalo mimi naona linazungumzwa kidogo mno. Ziwa lenyewe halina geji. Mzigo wa Kongo bado utashushwa bandarini, upandishwe melini, ushushwe Kalemie, ng'ambo ya ziwa upande wa Kongo, ambako reli ni ya milimita 1,067. SGR haiondoi hata hatua moja kati ya hizo. Wakati huohuo, SGR ya kwenda Musongati, Burundi, imepangwa kuchepukia Uvinza, kabla ya kufika Kigoma. Kontena la Burundi ambalo leo lingeteremkia Kigoma na kupanda meli ya Bujumbura litaweza kwenda kwao juu ya magurudumu yaleyale, bila kuiona bandari. Kitakachobaki kuishikilia Kigoma ni Kongo na kusini mwa ziwa, na huko mteja hatauliza treni imekimbia kiasi gani. Atauliza kreni inafanya kazi? Reli imefika ukingoni mwa gati? Meli inaondoka lini?