Pango la baridi: makao halisi ya nyoka-njuga wa milimani

Nyoka-njuga ni nyoka mwenye sumu wa bara la Amerika. Ncha ya mkia wake ina pingili kavu, za kitu kilekile kinachofanya kucha zetu. Akihisi hatari huutikisa mkia kwa kasi, mara 50 na zaidi kwa sekunde, pingili zikagongana na kutoa mlio mkali. Ni wa jamii moja na kifutu, ila ana kitu ambacho kifutu hana: vishimo viwili kati ya macho na pua vinavyohisi joto la panya hata gizani. Afrika hayupo porini. Lakini wapo wasemaji wengi wa Kiswahili, hasa waliotoka Kongo, wanaoishi Boise na Salt Lake City, miji ya magharibi mwa Marekani, na kwao nyoka huyu ni jirani: vilima vinavyoanzia ukingoni mwa miji hiyo ni makazi yake.

Magharibi mwa Marekani wako wa aina nyingi. Crotalus viridis huishi upande wa mashariki wa Milima ya Rocky na kwenye nyanda zinazopakana nayo. Crotalus oreganus yuko California, Oregon na Washington, akafika hadi bonde la Okanagan huko Kanada. Kusini mwa Arizona, juu kabisa kwenye mabiwi ya mawe yaliyoporomoka, kuna Crotalus pricei, nyoka mdogo anayekaa penye baridi ambayo wengi hawangeitarajia kwa nyoka.

Sasa, kujua jimbo au safu ya milima hakutoshi kujua nyoka huyu anakaa wapi. Makao yake yanaamuliwa na majira ya baridi. Nyoka hana joto lake mwenyewe. Barafu ikimkuta juu ya ardhi, amekufa. Kwa hiyo anahitaji pango la baridi, yaani ufa kwenye mwamba unaoshuka chini kupita kina ambacho udongo huganda, na mara nyingi ufa huo uwe kwenye mteremko unaotazama kusini, kwa sababu kaskazini mwa dunia jua la baridi hupita upande huo. Mlima mzima unaweza kuwa na mahali pachache tu pa namna hiyo. Nyoka huingia humo wakati wa vuli, makumi kwa makumi, pengine mamia, na wakati mwingine pamoja na nyoka wa aina nyingine wasio na sumu. Hutulia humo hadi majira ya kuchipua.

Joto likirudi, madume na majike yasiyo na mimba hutawanyika kutafuta panya na wenza, wengine wakienda kilomita kadhaa, na vuli ikifika hurudi pango lilelile. Majike yenye mimba hayaendi mbali. Hubaki karibu na pango, yakiota jua juu ya mawe, na mengi hayali karibu chochote kiangazi kizima. Hawatagi mayai, huzaa watoto walio hai mwishoni mwa kiangazi, na mama hukaa nao kwa siku chache mpaka wajivue ngozi ya kwanza. Kisha watoto hufuata harufu ya wakubwa hadi pangoni. Hivyo ndivyo pango moja linavyorithiwa, kizazi baada ya kizazi.

Hapa ndipo pana udhaifu wao mkubwa. Jike wa milima yenye baridi huchukua miaka kadhaa kukomaa, na akishakomaa huzaa kila baada ya miaka miwili au mitatu, wakati mwingine zaidi. Mtu akilivamia pango akaua waliomo, au barabara ikipasuliwa juu yake, nyoka wa eneo lote huweza kutoweka, na pengo hilo huchukua miaka mingi sana kuzibika. Naona ni ukatili usio na faida yoyote. Nyoka hawa hula panya, nao hawamfuati mtu.

Hata kumhamisha nyoka kwa nia njema kuna masharti. Akipelekwa mbali na eneo alilozoea hutangatanga akitafuta njia ya kurudi, na baridi inaweza kumkuta hana pango. Wanaoifanya kazi hii kwa uangalifu humsogeza umbali mfupi tu.

Unapopanda vilima hivyo, tazama unapoweka mkono na mguu, hasa kwenye mawe yenye jua, na usingoje mlio, kwani mara nyingi nyoka hunyamaza akitumaini hutamwona. Ukimsikia, simama, mtafute kwa macho, kisha rudi nyuma taratibu. Akikuuma, usichanje, usinyonye, usifunge kamba. Vua pete na saa kabla mkono haujavimba, piga 911, namba ya dharura ya Marekani, ufikishwe hospitali yenye dawa ya kuzuia sumu. Marekani huumwa na nyoka wenye sumu watu 7,000 hadi 8,000 kwa mwaka, na wanaokufa ni kama watano.