Nyufa za hisi: gamba la buibui linavyopima nguvu zinazopita ndani yake

Ufa wa hisi ni mpasuko mwembamba ulio kwenye gamba la buibui, nge, utitiri na araknida wengine, ukiwa na seli za neva zilizojishika ndani yake. Gamba likibanwa, likipindwa au likitikiswa, kingo za ufa husogeleana kwa kiasi kidogo mno, na msogeo huo huziamsha neva. Kazi ya ufa ni hiyo moja: kupima mkazo unaopita ndani ya gamba. Haunusi, hauonji, wala hauhitaji kuguswa na kitu chochote cha nje.

Watu wengi wakiulizwa buibui anahisi kwa kutumia nini, hutaja vinyweleo. Ni kweli mwili wake umejaa vinyweleo vya hisi: vingine ni vya mguso, vingine ni virefu na vyembamba na huyumbishwa na hewa, vingine vina tundu nchani na ni vya kuonja. Vyote hivyo vimechomoza nje ya gamba na hupokea habari za nje. Lakini mnyama aliyevikwa gamba gumu ana mambo mengine ya kujua kila anapopiga hatua. Uzito umeelemea mguu upi? Msuli umevuta kwa nguvu kiasi gani? Kiungo kimekunjwa hadi wapi? Nguvu zote za namna hiyo hupitia kwenye gamba, kwa kuwa misuli imeshikizwa humo na uzito wote hubebwa nalo. Anayetaka kuzipima aweke kipimo ndani ya gamba lenyewe, mahali nguvu zinapopita. Wadudu wenye miguu sita nao wana kipimo cha aina hiyo, ila chao kina umbo la kuba dogo. Araknida wana ufa.

Urefu wa ufa mmoja ni kati ya mikromita 8 na 200 hivi (mikromita elfu moja ni milimita moja), na upana wake ni mikromita 1 hadi 2 tu. Unywele mmoja wa kichwani mwa mtu una unene wa makumi ya mikromita, kwa hiyo ufa hauonekani kwa macho matupu. Juu umefunikwa na utando mwembamba, kwa hiyo si tundu lililo wazi: maji hayapiti na vumbi haliingii. Kingo zake ni nene kidogo kuliko gamba la pembeni. Kila ufa wa buibui una seli mbili za neva. Mkia wa seli moja hupanda hadi kwenye utando wa juu na kujishika hapo, kwa kawaida sehemu ya katikati ya urefu wa ufa, ambako kingo husogea zaidi. Mkia wa seli ya pili huishia chini zaidi. Kwenye ogani moja ya patela, kipande cha goti la mguu wa buibui, iliyochunguzwa sana, seli hizo mbili zimeonekana kugawana kazi: moja hutoa mapigo machache mkazo unapoanza kisha hunyamaza, nyingine huendelea kupiga kwa muda mkazo ukidumu. Ubongo hupata habari mbili kwa wakati mmoja, kwamba kuna kitu kimebadilika na kwamba hali hiyo ingali inaendelea.

Kwa nini iwe ufa, wala si tundu la mviringo? Jibu liko kwenye mwelekeo. Chukua kipande cha sponji nene ya sentimita 2, ukate mpasuko wa urefu wa sentimita 6 na upana wa milimita 3. Kilaze mezani na ufunike kwa kioo au plastiki ngumu, la sivyo kitajikunja kuelekea juu na hutaona kitu. Sasa kibane kutoka pande mbili za mpasuko: utafumba mara moja. Kibane kutoka ncha zake mbili, kwa nguvu ileile, nao hautafumba. Utatanuka kidogo katikati. Ufa wa hisi hufuata kanuni hiyohiyo. Huitikia sana nguvu inayoukata kwa pembe mraba na kuufumba, na ule unaobanwa kwa urefu hunyamaza. Kwa hiyo mwelekeo wa ufa kwenye gamba hueleza ni nguvu ipi unaipima. Urefu nao una uzito wake: mpasuko mrefu hufumba kwa nguvu ndogo kuliko mfupi, maana yake ufa mrefu ni mwepesi wa kuhisi.

Kata tena mipasuko mitano yenye urefu mmoja, sambamba, ikikaribiana. Ukibana, ile ya pembeni hufumba zaidi na ya katikati hufumba kidogo, kwa sababu ya pembeni inaikinga. Hapa ndipo penye uzuri wa jambo lote, kwa maana araknida wengi hawana nyufa za pekee tu. Baadhi ya nyufa hupangwa sambamba kwa makundi, mbili hadi takribani thelathini, na kundi huitwa ogani ya kinubi kwa kuwa nyufa zake za urefu tofauti hufanana na nyuzi za chombo hicho. Kwa kubadili urefu, nafasi kati ya nyufa, na jinsi zinavyopishana, kundi moja hupata nyufa zinazoamshwa na mkazo hafifu na nyingine zinazongoja mkazo mkubwa. Pale ambapo ufa mmoja mwepesi umekwisha kufikia kikomo chake, jirani yake ndiyo kwanza anaanza kupima.

Buibui anayejulikana kuliko wote kwa upande huu ni Cupiennius salei, mwindaji wa usiku wa Amerika ya Kati asiyetega utando. Mtafiti Friedrich Barth na wenzake wamemchunguza kwa miongo kadhaa. Mwili wake una nyufa zaidi ya 3,000, nyingi mno zikiwa miguuni na kwenye palpi (viungo vifupi kama miguu vilivyo pande za mdomo), na karibu nusu ya zote zimo katika ogani za kinubi. Ogani hizo zimekaa karibu na maungio ya mguu, mahali ambapo nguvu hujikusanya. Nyufa za pekee zimetawanyika penginepo, zikiwamo zilizo karibu na mahali misuli iliposhikizwa.

Ogani moja inastahili maelezo marefu. Mguu wa buibui una vipande saba: koksa, trokanta, femuri, patela, tibia, metatarsi, na mwisho tarsi inayokanyaga. Juu ya mwisho wa metatarsi, kabla tu ya tarsi, kuna ogani ya kinubi yenye nyufa zilizoukingama mguu. Kwa Cupiennius salei ni 21. Jani likitikisika, tarsi hupanda nalo na kuubana mwisho wa metatarsi, na nyufa hufumba. Hilo ndilo sikio la buibui kwa mitikisiko ya ardhi, majani na nyuzi.

Ogani hiyo haisikii kila kitu sawasawa, na hiyo ni faida. Kwa mtikisiko wa polepole, wa hezi 10 hivi, yaani mapigo 10 kwa sekunde, tarsi lazima isogee mikromita 10 hadi 100 kabla neva haijaitika. Kadiri mtikisiko unavyokuwa wa kasi zaidi, ndivyo kiasi kinachohitajika kinavyoshuka, hadi karibu na hezi 1,000 ambako msogeo wa nanometa 10 au pungufu unatosha (nanometa elfu moja ni mikromita moja). Ukiuliza kwa nini, tazama mazingira: upepo hutikisa mmea kwa mapigo ya polepole yenye nguvu nyingi, ilhali mende anayetembea juu ya jani hutoa mitikisiko ya kasi iliyochanganyika. Kati ya tarsi na metatarsi kuna kitu laini cha gamba, mithili ya kipande cha mpira, kinachomeza misukumo ya polepole na kupitisha ile ya kasi. Kwa hiyo uchujaji huanza kwenye gamba kabla neva haijafanya lolote.

Mwelekeo wa windo hutokana na kulinganisha miguu minane. Katika majaribio ambamo Cupiennius alisimama juu ya vibao vinavyotikiswa kimoja kimoja, tofauti ya milisekunde 4 kati ya mguu na mguu ilitosha kumgeuza kuelekea upande uliotikiswa kwanza. Nguvu ya mtikisiko nayo huhesabiwa. Buibui wa utando hutumia ogani hizihizi kwenye nyuzi, na mitikisiko inayovuta uzi kwa urefu wake ndiyo inayofika ikiwa haijapungua sana.

Nyufa za femuri na tibia zina kazi nyingine kabisa, ya kukumbuka mwendo. Mnamo 1972 Ernst-August Seyfarth na Barth walieleza jaribio hili: buibui asiyeweza kutumia macho hupewa nzi, hufukuzwa mbali na windo lake, kisha huachwa atulie. Baadaye hurudi palepale alipomwacha nzi, hata kama nzi ameondolewa na hakuna harufu wala mtikisiko wa kumwongoza. Ogani za kinubi za femuri na tibia zikiharibiwa, hupotea njia. Alikuwa akipima umbali na mgeuko wa safari yake kwa mikazo ya miguu yake mwenyewe. Sijui mfano mwingine unaoonyesha vizuri zaidi kwamba muundo uleule hupewa kazi tofauti kwa kuhamishwa tu mahali ulipo.

Ubongo nao hauzikubali habari hizi bila masharti. Kuna nyuzi za neva zinazotoka ubongoni kwenda kwenye seli za nyufa na kuzipunguzia au kuziongezea wepesi.

Kwa nge hali inafanana, ingawa mpangilio wa nyufa si uleule. Nge wa mchangani wa jangwa la Mojave, Marekani, alichunguzwa na mtafiti Philip Brownell katika miaka ya 1970. Karibu na ungio la tarsi la kila mguu kuna kundi la nyufa linalopokea mawimbi yanayosafiri juu ya mchanga, na vinyweleo vya tarsi hupokea yale yanayopita ndani. Kwenye mchanga mkavu mawimbi ya juu huenda kama mita 50 kwa sekunde, polepole sana yakilinganishwa na kwenye mwamba. Miguu ya nge huyo ikitanuka huunda duara la sentimita 5 hivi, kwa hiyo wimbi hulivuka kwa takribani milisekunde moja. Nge hutambua tofauti ndogo zaidi ya hiyo, na hugeukia mguu uliofikiwa kwanza.

Ilichukua muda mrefu kufahamu haya. Nyufa zilielezwa katika karne ya 19, na mwaka 1911 mtafiti McIndoo alidai kuwa ni ogani za kunusa, wazo lililopata wafuasi. Mtafiti mwingine, Pringle, alipopima mapigo ya neva za nyufa na kuchapisha matokeo mwaka 1955, ilibainika kuwa huitikia mkazo wa gamba. Mwaka 2014 wahandisi wa Korea Kusini waliiga kanuni hiyohiyo: walipaka platini yenye unene wa nanometa 20 juu ya plastiki laini, wakaipasua kwa makusudi kwa kuikunja, na nyufa zilizotokea zikawa kipimo chepesi sana cha mvutano na mtikisiko.

Ukitaka kuziona mwenyewe, tumia gamba lililoambuliwa na buibui mkubwa, maana huhitaji kuua mnyama na sehemu kubwa ya muundo wa ufa hubaki humo. Lilainishe katika maji ya vuguvugu yenye tone la sabuni, kata mguu mmoja, na usafishe kipande cha metatarsi na tarsi katika mchanganyiko wa haidroksidi ya potasiamu ya asilimia 10 hadi mwanga uweze kupenya ndani yake. Vaa glavu na miwani ya kinga, kwani kemikali hii huunguza ngozi na macho. Suuza kwa maji, tia kwenye gliserini, funika kwa kioo chembamba na utazame kwa hadubini, kwanza mara 100 kutafuta mahali, kisha mara 400.

Kosa la kawaida ni kutazama upande wa chini, ambako vinyweleo vizito huficha kila kitu. Geuza upande wa juu. La pili ni kudhani kila mstari ni ufa wa hisi. Gamba likikauka kabla ya kulainishwa hupasuka ovyo, na mipasuko hiyo hupinda, hugawanyika na haina kingo nene. Ufa wa kweli umenyooka, una kingo mbili zinazoonekana, na mara nyingi una doa dogo karibu na katikati, pale mkia wa neva ulipojishika. Ukipata mistari kadhaa ya aina hiyo imepangana ikiukingama mguu, umeipata ogani ya metatarsi. Usitafute nyufa za hisi upande wa chini wa tumbo: mianya mikubwa iliyoko huko, inayoonekana hata kwa kioo cha kukuzia cha mkononi, ni milango ya mapafu.