Watawa wa Wakati: Yanayosimuliwa na Yaliyotokea

Vijana wa Goma wanaopenda hadithi za kubuni wanamfahamu vizuri mtawa wa wakati: mtu aliyejitenga na walimwengu, mfuasi wa utawa wa siri, ambaye hukaa gizani akiuchungulia wakati unavyopita na kulipia ujuzi huo kwa macho yake, kwa akili yake au kwa miaka ya ujana wake. Utawa huo ni wa kubuni, na hakuna ubaya kuufurahia. Ubaya huanza pale msimuliaji, akitaka aaminike, anapoongeza kwamba mambo hayo yamewahi kutokea na kutaja majina ya watu walioishi kweli. Majina huwa sahihi. Kinachopotoshwa ni sababu ya mateso yao. Ukifuatilia habari zao utakuta kwamba walioumia waliumizwa na baridi, maradhi, upweke au ugomvi wa kugombea utawala, wala si na wakati wenyewe.

Dhana: watunza wakati wa zamani walikuwa waaguzi walioyaona yajayo.

Kazi yao ilikuwa kavu zaidi ya hapo. Watawa wa Kikristo wa Ulaya walipaswa kuamka usiku kusali, na kabla ya saa za mitambo walitegemea nyota, mishumaa na maji yanayodondoka. Katika karne ya 6 Askofu Gregory wa Tours aliandika mwongozo wa kuwaonyesha ni nyota zipi za kuangalia ili sala isipitwe. Kwa Waislamu kulikuwa na muwaqqit, mtaalamu aliyeajiriwa na msikiti kukokotoa nyakati za swala. Ibn al-Shatir, aliyekuwa muwaqqit wa Msikiti wa Umawiyya huko Damascus, alitengeneza mwaka 1371 saa kubwa ya jua kwa ajili ya mnara wa msikiti huo. Alikuwa mtu wa hesabu, na hesabu zake zinaweza kukaguliwa na yeyote, jambo ambalo mwaguzi hakubali lifanyiwe maneno yake.

Dhana: Galileo alipofuka kwa kulitazama jua.

Hii ndiyo inayopendwa kuliko zote, kwa sababu inaonekana kama adhabu. Ni kweli kwamba Galileo, mwanafalaki wa Italia, alichunguza madoa ya jua katika miaka ya 1610, na ni kweli kwamba kulitazama jua kwa darubini huunguza jicho. Hata hivyo, madhara ya namna hiyo hujitokeza mapema, ilhali yeye alipoteza uwezo wa kuona kabisa mwaka 1638, akiwa mzee wa zaidi ya miaka 70. Ugonjwa unaotajwa zaidi ni mtoto wa jicho pamoja na glakoma, yaani shinikizo linalozidi ndani ya jicho. Isitoshe, madoa hayo aliyachora kwa mbinu ya mwanafunzi wake Benedetto Castelli, yaani kuiacha taswira ya jua iangukie kwenye karatasi. Jambo ambalo wasimuliaji huliacha, nami naliona zuri kuliko uzushi wao, ni kwamba mwaka 1641, akiwa tayari kipofu, alimweleza mwanawe Vincenzo jinsi pendulamu, yaani uzito unaoning'inia na kubembea, inavyoweza kuendesha saa.

Dhana: Ulugh Beg aliuawa kwa kujua mno.

Hapana. Mtawala huyo wa Samarkand, mji wa Asia ya Kati, alijenga kituo cha kuchunguza anga na kuacha orodha ya nyota 1,018, lakini alipouawa mwaka 1449 amri ilitoka kwa mwanawe mwenyewe, aliyekuwa akigombea naye kiti.

Dhana: anayekaa gizani bila saa mwishowe huuona wakati wenyewe.

Mtu aliyelijaribu jambo hili kwa mwili wake ni Mfaransa Michel Siffre, mjiolojia aliyekuwa na umri wa miaka 23 mwaka 1962, alipoteremka katika shimo la Scarasson, kwenye milima ya mpaka wa Ufaransa na Italia, akapiga hema karibu na barafu zaidi ya mita 100 chini ya ardhi. Hakuwa na saa. Wenzake walibaki mlangoni na simu, naye ndiye aliyewapigia kila alipoamka, alipokula na alipokwenda kulala. Wao hawakuruhusiwa kumwambia ni saa ngapi wala ni siku gani. Jotomwili lake lilishuka hadi nyuzi 34, nguo zilikuwa hazikauki, na mawe na barafu vilikuwa vikiporomoka karibu naye. Watu wa Goma, waliolelewa wakionywa kuhusu mazuku, ile hewa ya ukaa inayotuama mabondeni na kuua bila harufu, hawahitaji fumbo lolote ili waelewe kwamba shimo lenyewe linatosha kumwangamiza mtu.

Je, aliona nini? Alipotolewa tarehe 14 Septemba aliamini kwamba bado ni tarehe 20 Agosti. Alipotakiwa kuhesabu kutoka 1 hadi 120 kwa mwendo wa namba moja kila sekunde, alitumia takriban dakika tano. Fikira zake ziliupoteza wakati badala ya kuukaribia, lakini rekodi za simu zilionyesha kwamba mwili wake uliendelea kulala na kuamka kwa mzunguko wa takriban saa 24 na nusu. Ugunduzi huo, kwamba mwili una saa yake isiyomsubiri mwenyewe, ulitokana na daftari la watu waliokaa juu mwangani. Mwaka 1972 alirudia jaribio kwa zaidi ya miezi sita katika pango la Texas, Marekani, na huko huzuni ilimwelemea hata akafikiria kujiua. Alichokosa ni jua na watu.

Dhana: mtazamaji huzeeka haraka kuliko wengine.

Hapa kuna chembe ya ukweli, ingawa kutazama hakuhusiki. Kwa mujibu wa nadharia ya Einstein ya mwaka 1915, saa iliyo juu zaidi, ambako mvutano wa dunia umepungua, hukimbia zaidi, na saa za satelaiti zinazoziongoza ramani za simu zetu hurekebishwa kwa sababu hiyo. Kilele cha volkano ya Nyiragongo kiko juu ya mji wa Goma kwa karibu mita 2,000. Mtawa ambaye angekaa huko mwaka mzima angezeeka kutuzidi kwa takriban sehemu saba za sekunde iliyogawanywa mara milioni moja. Lakini mlima huo ulilipuka mwaka 1977, mwaka 2002 na tena tarehe 22 Mei 2021, kwa hiyo angekuwa na mengine ya kuogopa.