Leseni ya baa: mwenye wa zamani ana haki gani hasa?

Leseni zikiisha tu simu yangu haipumziki. Juzi kaja mama mmoja wa hapa Arua, baa yake ina miaka kumi na moja, leseni analipa bila kukosa, halafu ameenda kuirenyu anaambiwa leseni ya mtaa ule ameshapewa mtu mwingine. "Loya, hiyo leseni ni yangu, mimi ndo nilianza pale!" Iliniuma kumjibu, lakini nilimwambia palepale, mama, leseni si yako. Ila kuna kitu ni chako, na hicho ndo tutapigania.

Leseni ya pombe ni ruhusa ya muda, siku yake ya kuisha imeandikwa humohumo kwenye karatasi. Sheria yetu ya pombe hapa Uganda ni ya 1960, yaani tumeirithi kwa Mwingereza, ndo maana kesi zao bado tunazibeba kortini. Kubwa kabisa ni Sharp v Wakefield. Susannah Sharp alikuwa na baa Kentmere, kijiji cha kaskazini mwa Uingereza, mahakimu wakakataa kumwongezea leseni wakisema baa iko mbali na macho ya polisi na watu wa pale hawaihitaji sana. Akabishana mpaka House of Lords, korti yao ya juu kabisa wakati ule, na 1891 akashindwa: wakasema anayeomba kuongezewa anatazamwa kwa uhuru uleule kama anayeomba mara ya kwanza, ila uhuru huo lazima ufuate akili na haki, si mtu kuamua alivyoamka.

Wenye baa walipiga kelele miaka na miaka, mpaka 1904 ikaja sheria kulekule Uingereza kwamba aliyenyimwa kwa sababu tu baa yake haihitajiki tena, bila kosa lake, alilipwa fidia, na pesa ilitoka kwenye mfuko ambao wenye baa wenyewe walichangia. Mimi hii ya 1904 naipenda sana, natamani wabunge wetu waiangalie, kwa sababu yule mama alinunua friji, viti, akalipa kodi ya nyumba miaka yote hiyo, na hasara yake ni ya kweli hata kama sheria haiiti leseni mali.

Halafu 1978, kwenye kesi ya McInnes v Onslow-Fane, ambayo wala si ya pombe, ni ya leseni ya meneja wa ndondi, Jaji Megarry akawagawa watu mafungu matatu: anayenyang'anywa leseni, anayeomba mpya, na katikati yule aliyekuwa nayo anataka kuendelea. Huyu wa katikati ana matarajio halali, kwa hiyo usimkatalie kimyakimya, mwambie kuna tatizo gani, msikilize. Yule mama wa baa yuko fungu hilo, na hiyo haki ya kusikilizwa ndo kitu chake.

India wamepigana sana kwenye mambo haya. Mahakama yao Kuu Kabisa ilisema 1986, kesi ya Nandlal Jaiswal, kwamba hakuna mtu ana haki ya msingi kuuza pombe, lakini serikali nayo haiwezi kugawa leseni inavyojisikia.

Sasa kuna sehemu kanuni zenyewe zinaandika kwamba mwenye wa zamani apewe kwanza. Hapo ugomvi unahama, unakuwa "mwenye wa zamani" ni nani? Aliyeandikwa jina au anayefungua mlango kila jioni? Mzee amefariki, kijana anaendesha baa kwa jina la marehemu baba yake miaka mitatu, anadhani anakingwa. Kipaumbele hakirithiwi kama ng'ombe, labda kanuni iseme hivyo. Andikeni majina sawasawa mapema jamani, hii inaua kesi nyingi nzuri.

Kwetu nguvu iko kwenye Katiba ya 1995, kifungu cha 42, anayefika mbele ya ofisa wa serikali lazima atendewe haki, na asiporidhika aende kortini. Lakini kanuni za mapitio ya mahakama za 2009, yaani za kuomba korti ipitie uamuzi wa ofisa, zinakupa miezi mitatu tu ya kufaili, na watu wanaimaliza wakizunguka ofisi kuomba msamaha kwa kosa ambalo hawakufanya.

Mama alikuja wiki ya tisa. Hakuwa ameitwa kikaoni, hakuwa na barua, aliambiwa kwa mdomo tu mlangoni. Tukafaili. Hatukuomba korti impe leseni, hiyo si kazi ya korti, tuliomba ule uamuzi ufutwe na kamati ya leseni ikae upya, na safari hii mama awe ndani ya chumba.