Kushusha rezolusheni si kukuza maandishi

Imetokea tena. Mwalimu mstaafu wa Tabata kaniletea laptopu, kaitikia shikamoo yangu, kisha akasema: “Mwanangu, kioo hiki kibadilishe, herufi zina ukungu.” Kioo chenyewe kizima kabisa. Aliomba akuziwe maandishi, fundi mwingine akashusha rezolusheni, yaani idadi ya pikseli za picha, hadi 1024 kwa 768, akachukua hela na kumwambia macho yatazoea.

Mafundi wenzangu, hili tulimalize leo. Kioo cha laptopu kina idadi ya pikseli, vile vidoa vidogo vinavyounda picha, kiliyotoka nayo kiwandani, haiongezeki wala haipungui. Ukiilazimisha picha yenye pikseli chache ijaze kioo chenye nyingi, pikseli moja ya picha inabidi ikalie pikseli moja na theluthi ya kioo. Theluthi ya pikseli haipo. Kwa hiyo kingo za herufi zinachanganywa na rangi ya nyuma yake, na ndio huo ukungu. Mtu mwenye mtoto wa jicho tayari anaona ukungu. Wewe umemwongezea mwingine, na umemtoza.

Halafu tazama hizo namba. Laptopu yake ni ya 1366 kwa 768, kama zilivyo nyingi za mtumba zinazoingia Kariakoo. Kimo kilikuwa 768, baada ya “kukuza” kimo ni 768. Herufi haikurefuka hata kidogo, imenenepa tu, theluthi nzima kwenda pembeni, o imelala kama yai. Na kama draiva ya picha, programu inayoendesha kioo, imepangwa kulinda umbo, unapata mistari mipana myeusi kushoto na kulia, na katikati herufi ni zile zile za jana. Wapo wanaoona haitoshi wakashuka hadi 800 kwa 600. Hapo kweli inarefuka, asilimia 28 kwenda juu, lakini inatanuka asilimia 71 kwenda pembeni. Nani anasoma hiyo?

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba kitu chenyewe kipo mstari mmoja juu ya rezolusheni, ukurasa ule ule wa Display settings. Kinaitwa Scale. Rezolusheni irudi pale penye neno Recommended, Scale ipande 125, au 150 kama ipo. Hapo Windows inazichora herufi upya zikiwa kubwa, kwa pikseli zote ulizolipia, nazo zinabaki kali. Kama shida ni maneno peke yake, ingia Accessibility, au Ease of Access kama unatumia Windows 10, utafute ukubwa wa maandishi. Unafika hadi asilimia 225.

Na tafadhali, msikuze barua kwa kuipa fonti ya 22. Mzee anasoma vizuri, anafurahi, anachapisha, barua ya ukurasa mmoja inatoka kurasa tatu. Shika Ctrl uzungushe gurudumu la kipanya. Kinachokua ni unachokiona wewe, karatasi inabaki ilivyo.

Sasa niseme ambalo wanaofundisha haya hawapendi kulisema. Kwenye kioo cha 768, Scale ya 150 inakubakizia nafasi ya kimo cha 512 tu, na kuna madirisha ambayo kitufe chake cha OK kinazama chini usikione. Zipo pia programu za zamani, hasa za stoo na risiti za madukani, ambazo hazijui habari ya Scale. Windows inazichukua na kuzivuta kama picha, na ukungu ule ule ninaoulalamikia unarudi. Kwenye Properties ya programu, upande wa Compatibility, pana mpangilio wa high DPI, unaoamua programu ikuzwe vipi, wa kujaribu. Mara inakubali, mara vitufe vinapandana. Mimi kwa vioo hivyo huishia 125, naongeza ukubwa wa maandishi, yaliyobaki nayaachia kikuzaji cha Windows, yaani Magnifier. Fundi mwingine mzuri anaweza kunibishia, na sitashangaa.

Kikuzaji ni kitufe cha Windows na jumlisha, kutoka ni Windows na Esc. Ctrl, Alt na I zinageuza rangi, herufi nyeupe juu ya weusi, na wengi wenye mtoto wa jicho hupumua hapo maana mwanga hauwachomi. Lakini hesabu yake ni ngumu. Ukikuza mara nne unaona robo ya upana na robo ya kimo, yaani sehemu 1 kati ya 16 ya kioo. Mtu anaisoma nusu ya sentensi, anapotea njia kutafuta nusu nyingine. Ndipo swali la sauti linapokuja. NVDA, programu inayosoma skrini kwa sauti, ni ya bure, aliianzisha Mwaustralia asiyeona, Michael Curran, mwaka 2006, kisha mwenzake James Teh, naye asiyeona, akaungana naye, na sauti ya Kiswahili inayokuja nayo inaeleweka, ingawa haina raha. Lini umhamishe mtu kutoka kukuza kwenda kusikiliza? Sina kipimo. Nikiitaja mapema naulizwa, “Kwani mimi kipofu?” Nikichelewa, anajifunza kibodi wakati macho hayamsaidii tena kuitafuta herufi.

Kibodi nayo, kwa haraka: Shift ya kulia ikishikiliwa sekunde 8, Windows inauliza kama iwashe Filter Keys, yaani kibodi ipuuze mibonyezo mifupi na ya kurudia-rudia. Ni msaada mkubwa kwa mwenye mikono inayotetemeka. Asiyeijua akibonyeza ndiyo, herufi zinagoma au zinachelewa, na nimeona watu wakiuziwa kibodi mpya kwa sababu hiyo. Mzime hiyo kwanza kabla hamjafungua skrubu.

Na wewe mteja, kabla hujatoa hela, bonyeza kulia kwenye sehemu tupu ya skrini, ingia Display settings, usome mstari wa rezolusheni. Kama neno Recommended halipo ubavuni mwa namba, mwambie fundi airudishe ukiwa umesimama hapo hapo.